Msimu Ambao Zabibu Hawakufua

1.

KLABU YA BESIBOLI YA ZABIBU, DODOMA
TANGAZO KWA WACHEZAJI WOTE

Kufuatia ushindi mnono tulioupata dhidi ya Mkonge ya Tanga, uongozi kupitia Kamati ya Ufundi unaagiza kama ifuatavyo:

a) Jezi zilizotumika siku ya ushindi hazitafuliwa mpaka siku timu itakapofungwa.
b) Soksi ni sehemu ya jezi.
c) Nguo za ndani ni sehemu ya jezi.
d) Mchezaji atakayekutwa na sabuni katika chumba cha kuvalia atachukuliwa hatua kali.

Kwa utekelezaji.

P. Kidunda
Mwenyekiti, Kamati ya Ufundi


2.

Ndahani Msanjila, mdakaji wa Zabibu, alilisoma tangazo hilo akiwa amesimama, taulo begani, sabuni mkononi. Akaitazama sabuni. Akaitia mfukoni haraka kama mtu aliyekutwa na kitu cha wizi.

Ni mtu wa usafi, na hilo si siri. Ana kijiko chake mwenyewe. Ukimpa maji kwenye kikombe, anakigeuza kwanza akague kitako. Wenzake walimbatiza Mama Usafi tangu kambi ya kwanza, naye hakuona tusi hapo. Sasa anaambiwa avae shati lenye jasho la Jumamosi kwenye mechi ya Jumatano, alivae tena Jumamosi nyingine, aendelee hivyo hivyo mpaka timu ifungwe. Na timu, kwa bahati mbaya, ilikuwa nzuri.

Alirudia kusoma kipengele (c).

Akatoka nje kupunga hewa.


3. Kwa wewe unayesoma

Ligi ya besiboli ya kulipwa ilikuwa ndiyo kwanza inaanza nchini. Klabu zikaundwa, na klabu zinahitaji viongozi. Unadhani walitoka wapi? Walitoka kwenye soka, wanakotoka viongozi wote, na hawakuja mikono mitupu. Mzee Pazi Kidunda alikuwa ametimuliwa na klabu mbili za soka kwa mambo ambayo hayasemwi mbele ya watoto. Zabibu wakampokea kwa matarumbeta. Wakampa Kamati ya Ufundi.

Unataka nikueleze Kamati ya Ufundi inafanya nini? Usinizungushe. Unajua. Ndiyo inayoamua timu iruke ukuta wa nyuma badala ya kupita getini kama watu. Ndiyo inayofunga chumba cha kuvalia ili wachezaji wabadilishie nguo uani, matako nje, kwa sababu eti chumba kimepuliziwa dawa na wapinzani. Mambo hayo kwenye soka tumeyazoea, tunacheka, tunapita. Ila ukiyaona yanahamia kwenye mchezo ambao haujatimiza hata mwaka, mchezo mchanga, haujatenda dhambi yoyote, utasikia kichefuchefu. Mimi nilikisikia.


4. Bado nasema na wewe

Kama hujawahi kuona besiboli usione aibu. Mzee Pazi naye hakuwahi.

Mrushaji anasimama juu ya kichuguu katikati ya uwanja. Anarusha mpira mgumu kama jiwe. Mpigaji wa timu pinzani ameshika rungu, anajaribu kuupiga. Nyuma ya mpigaji amechuchumaa mtu mwenye barakoa ya chuma na glovu nene, anaudaka ukimpita. Huyo ndiye Ndahani. Mbele yake, ardhini, kuna kibao cheupe kinachoitwa nyumbani. Mpigaji akiupiga anakuwa mkimbiaji; akizunguka vituo vyote vitatu, yaani besi, akaja kukanyaga nyumbani, wamepata pointi. Mengine yote ni mbwembwe.

Katika hayo yote Mzee Pazi alielewa jambo moja: nyumbani ndiyo goli.

Na golini huwa kunazikwa kitu.

Akazika mayai viza.


5.

(Hakuna. Kamati imefuta namba tano katika shughuli zote za klabu, kwa kuwa tano ni mkono, na mkono ni kipigo. Mchezaji aliyekuwa akivaa tano sasa anavaa nne na nusu.)


6.

Kwa hiyo mechi baada ya mechi Ndahani alichuchumaa juu ya mayai viza, ndani ya jezi iliyokauka ikawa kama ngozi ya ng'ombe, barakoa usoni, jua la Dodoma utosini. Siku walipocheza na Kahawa ya Moshi, mkimbiaji mmoja alijitupa chini akaja akiteleza na matako, akakivamia kibao. Chini kukasikika kitu kikipasuka.

Pfff.

Mwamuzi alirudi nyuma. Akaziba pua. Akamtazama Ndahani jicho la kumlaumu.

"Si mimi," Ndahani alisema.

"Sijasema kitu," alisema mwamuzi.

"Nakwambia tu, ref. Si mimi."

"Tuendelee na mchezo, bwana."

Zabibu walishinda. Mzee Pazi aliingia uwanjani akicheza, akapiga magoti, akakibusu kibao. Ndahani alimwona alivyoweka midomo pale. Mate yakamjaa, akayatema kwenye glovu yake mwenyewe, kitu ambacho hakuwahi kukifanya tangu azaliwe.


7. Sauti

Dereva wa basi la timu: Nimebeba ng'ombe kwenda Pugu. Nimebeba dagaa wa Kigoma, mvua inanyesha. Sijawahi kufungua madirisha yote na bado nikalia.

Mama muuza karanga, jukwaa la jua: Hawa vijana wanashinda, lakini hawajaoga? Mbona nzi wamekuja wengi kuliko mashabiki?

Shabiki, kwenye kundi la WhatsApp: HATUFULIIIII 💜💜 hatuna baya sisi, mwenye wivu akanywe sabuni

Shabiki mwingine: Mzee Pazi apewe maua yake akiwa hai

Shabiki mwingine: Jamani mie naomba kuuliza tu. Hivi ushindi si wa Hoza? Jamaa anarusha moto

(Ujumbe huu umefutwa na msimamizi wa kundi.)


8.

Hoza Shekigenda. Ndiye mrushaji. Kijana wa Lushoto, mrefu wa mikono, mchache wa maneno. Kabla ya besiboli alikuwa akigonga kokoto za kuuza, na siku za mwanzo alipokuwa akirusha mpira alifumba jicho moja kama anaogopa cheche. Ndahani ndiye aliyemfundisha kulifumbua. Msimu mzima walikaa chumba kimoja kambini, na mkewe Hoza, Zaina, alipokuja kutoka Lushoto akapanga chumba karibu na uwanja, Ndahani ndiye aliyebeba godoro.

Alimjua Hoza kwa namna mpira ulivyotua kwenye glovu. Mpira wa Hoza akiwa na furaha, mpira wa Hoza akiwa amegombana na mkewe, mpira wa Hoza akiwa na njaa: yote aliijua akiwa amefumba macho. Ndiyo maana alijua kabla ya mtu mwingine yeyote. Mipira ilianza kuja na kamtetemo, kama aliyeirusha ameikunja mwishoni kwa maumivu.

Baada ya mechi alimfuata.

"Niwekee mkono hapa."

"Wa nini?"

"Weka, Hoza."

Kidole cha kati, mkono wa kulia. Nyuzi za mpira zilikuwa zimechuna lengelenge, jambo la kawaida kwa warushaji wote. Kisichokuwa cha kawaida ni kilichokuwa ndani yake.


9. Kopo

Kopo la maziwa ya unga, lebo imebanduliwa. Ndani: mafuta ya kondoo. Nyongo ya jogoo. Na kitu cha tatu ambacho Mzee Pazi alikataa kukitaja, alisema ukikitaja kinakimbia.

Kila zamu ya kurusha ilipofika, Hoza alichovya kidole mle.

Kidole chenye kidonda.

Kila zamu.

Kopo lenyewe halikuwa na mfuniko, na nimekwambia kuhusu nzi.


10.

"Kidole hicho kinanuka, Hoza."

"Timu nzima inanuka, mwanangu. Umekijuaje kidole changu?"

Walicheka wote wawili. Ni kicheko ambacho Ndahani alikuja kukijutia, kwa sababu siku ile kidole kilikuwa chekundu tu.


11.

TANGAZO LA PILI

Imebainika kuwa baadhi ya wachezaji wanakwenda hospitali bila kibali. Mnakumbushwa kwamba sindano na vidonge vya kizungu vinakata dawa ya timu. Mchezaji mwenye maumivu aonane na Kamati. Kamati ina kopo.

P. Kidunda


12.

Kocha Elinami ana cheti cha michezo ukutani, ndani ya fremu, kioo juu. Ndahani aliingia ofisini kwake akasimama chini ya cheti hicho.

"Kocha, kidole cha Hoza kinaoza."

Kocha alikuwa anakula embe kwa kisu, kipande baada ya kipande.

"Nimekiona."

"Basi mpumzishe. Mpeleke hospitali."

"Ndahani, mimi kazi yangu ni ya uwanjani. Mambo ya kamati ni ya kamati. Kila mtu na idara yake, tutaheshimiana."

"Kidole kiko uwanjani, kocha."

"Tunaongoza ligi," kocha alisema, akaramba kisu. "Unataka niwaambie wenye timu nini? Kwamba nimemtoa mtu anayeshinda?"

Mzee Pazi alikuwa mchafu, lakini angalau aliamini uchafu wake. Huyu hakuamini. Huyu alijua vijidudu ni nini, alivifanyia mtihani akafaulu, na alikaa pale anakula embe. Ndahani alitoka bila kuaga. Ukiniuliza mimi nani alimtia kinyaa zaidi msimu ule, sitakutajia kopo wala mayai. Nitakutajia lile embe.


13. Jezi inasema

Nilikuwa ya zambarau.

Sasa ukinivua
usinitundike.

Niache tu
    hapo
        nasimama
            mwenyewe.


14.

Wakashinda. Wakashinda tena. Kila ushindi ulikuwa msumari. Ndahani, ambaye maisha yake yote alicheza ili ashinde, alianza kuungoja mwisho wa mechi kwa roho ya mtu anayesomewa hukumu. Mashabiki wanapiga vuvuzela, yeye anatazama kidole. Kutoka wekundu kikaenda zambarau, rangi ya klabu, na kuna mjinga mmoja kwenye basi aliona hilo ni jambo la kuchekesha. Kikavimba mpaka kiungo hakikukunjika. Harufu yake ikajitenga na harufu ya timu. Ikawa harufu ya peke yake, ya utamu fulani mbaya, na Ndahani akashindwa kula nyama.

Na Hoza bado alirusha. Hilo ndilo lililomchanganya kila mtu. Kidole kigumu kiliufanya mpira upinde mahali ambapo mipira haipindi, wapigaji wakawa wanapiga upepo. Magazeti yakaandika. Watoto mitaani wakawa wanarusha mawe huku wamekaza kidole cha kati.


15.

Alasiri moja, hakuna mechi, walikaa watatu kwenye ngazi za jukwaa tupu. Zaina alikuwa na beseni la maji ya chumvi, na Hoza alikuwa amekataa kutia mkono.

"Shemeji, mwambie wewe," Zaina alisema. "Mimi simuwezi. Usiku anahema kama amekimbizwa. Mwili moto, ukimgusa unaungua."

"Hoza, twende sasa hivi," Ndahani alisema. "Hospitali iko hapo tu. Wakikukata kidole leo, utabaki na mkono. Ukingoja, watakukata mkono ubaki na nini?"

"Nani kasema watanikata?"

"Kitazame."

Hoza hakukitazama. Alitazama uwanja.

"Nilikuwa nagonga kokoto, Ndahani. Malori yanakuja, yanapakia, yanaondoka. Hakuna dereva hata mmoja aliyewahi kuuliza jina langu. Sasa nikipita sokoni wananiita mpaka naona haya. Huyu hapa mke wangu shahidi. Nikiacha sasa, timu ikifungwa, nani atasema Hoza alikuwa anaumwa? Watasema Hoza alikimbia."

"Acha waseme!"

"Wewe unaweza. Wewe watu walikujua kwa jina hata kabla ya mpira."

Zaina alianza kulia bila sauti, mikono ndani ya beseni.

"Basi," Hoza alisema. "Basi, nyamaza. Siku tukifungwa nakwenda. Naapa kwa kaburi la mama. Nikifungwa kihalali, siku hiyo hiyo mnipakie kwenye pikipiki, wakate wanachotaka. Lakini siachi nikiwa nashinda."

Zaina alimtazama Ndahani.

Ndahani alitazama kwingine, kwa sababu wazo lilikuwa limeshaingia, na aliona haya lisije likaonekana usoni.


16. Zaina anasema

Nilifua mkono mmoja tu. Mkono wa kulia wa jezi, kuanzia kwenye kiwiko kushuka. Usaha ulikuwa umekaukia pale, nzi hawaondoki. Ilikuwa asubuhi ya mechi, yeye amelala na homa. Nilifua kwa sabuni ya mche, nikasuuza, nikaanika kwenye jiwe ili ukauke kabla hajaamka.

Usidhani sikujua. Nililisoma tangazo.

Nilifua ili wafungwe.


17. Redio, mchezo wa Zabibu na Karafuu ya Pemba

Naaam msikilizaji, ngoma bado mbichi, ngoma nzito, hakuna mbabe mpaka sasa! Zamu ya mwisho hii, Karafuu wana mtu wao kwenye besi ya tatu, ananyemelea nyumbani kama paka kaona kitoweo! Zabibu wamekaba kila kona! Na kwenye kichuguu, nani? Ni yeye Hoza Shekigenda, Mkono wa Radi, anachovya kidole kwenye kopo lake la maajabu, anajifuta usoni, jasho linamtiririka, leo mbona ana jasho jingi hivi msikilizaji, anatazama kwa mdakaji wake Msanjila, Msanjila ambaye tangu msimu uanze hajawahi, narudia, hajawahi kupitwa na mpira akiwa na mtu kwenye besi ya tatu, mtu wa chuma huyu, anampa ishara, Hoza anainama, anainuka, anaachiaaa


18.

Mpira ukaja.

Ulikuwa mzuri kuliko yote aliyowahi kurusha. Mpigaji wa Karafuu alizungusha rungu akaukosa, akaanguka kwa goti. Hakukuwa na kitu tena kati ya ule mpira na glovu ya Ndahani.

Aliuona vizuri.

Vizuri

sana.

Aliona nyuzi zake zinavyozunguka. Aliona na doa, dogo, la manjano, pale kidole kilipokuwa.

Akafungua






19.

aaa ameukosa! Msanjila ameukosa! Mpira uko nyuma yake, unabiringika mpaka ukutani, mkimbiaji wa Karafuu anakuja, anakuja, nyumbani! NYUMBANI! Eh! Eh, jamani! Siamini macho yangu msikilizaji!


20.

Zabibu walipopata zamu yao ya mwisho walikwenda na kurudi mikono mitupu. Wamefungwa.

Katika chumba cha kuvalia Ndahani alikaa karibu na Hoza, bega kwa bega, akasikia joto lake kupitia nguo mbili. Alikuwa na furaha. Nakwambia kama ilivyokuwa: ameiuza timu yake, ameidondosha heshima yake mbele ya uwanja mzima, na alikuwa na furaha kama mtu aliyetua mzigo.

"Pole, mwanangu," alimnong'oneza.

"Mpira huponyoka," Hoza alisema. Meno yalikuwa yakigongana. "Usijilaumu. Umenidakia msimu mzima." Kisha, chini zaidi: "Mtafute Zaina. Niliapa."

Ndahani alishainuka.

Mlango ukafungwa. Mzee Pazi aliugeuza ufunguo, akautia ndani ya kanzu.

"Kuna mtu amefua," alisema.


21. Ukaguzi

Walipangwa mstari ukutani. Mzee Pazi, mtu mzima mwenye wajukuu, alianza kuwanusa mmoja mmoja. Kifua. Kwapa. Mgongo. Alinusa kwa kuvuta, macho amefumba, kama mpishi anayeonja mchuzi. Kocha Elinami alisimama pembeni amekunja mikono, anasoma kitu kwenye simu.

Alianza na Mama Usafi. Kila mtu alijua ataanza naye. Pua ikazama kwapani kwa Ndahani, ikakaa pale.

"Huyu safi," Mzee Pazi alisema. Alimaanisha ananuka.

Namba nne na nusu. Safi.

Besi ya kwanza. Safi mno, alikohoa.

Hoza.

Alipita kifua, akapita mgongo. Alipofika kwenye mkono wa kulia akasimama. Akarudia. Akaushika mkono ule kwa vidole viwili, akaunusa kuanzia kwenye kiwiko mpaka kwenye kifundo, akapita kidole kilichooza kana kwamba hakipo, hakukiona, naapa hakukiona, akarudi kwenye kitambaa.

"Sabuni ya mche," alisema.


22.

"Sikufua," Hoza alisema. "Mzee, naapa sikufua."

"Jezi imejifua yenyewe?"

"Sikufua!"

"Umetuuza, kijana. Karafuu wamekupa ngapi?"

Nje, upande wa geti, mashabiki walikuwa wanapiga mabati. Walitaka kitu. Ukiwahi kuona mashabiki wetu wakipiga mabati, unajua wanachotaka ni jina, na likishatajwa hilo jina, mwenyewe atalala pabaya.

"Mnawasikia?" Mzee Pazi alisema. "Mimi nikitoka hapa nawapa jina. Hoza Shekigenda kavunja dawa. Basi. Wao watajua la kufanya."

"Mzee, huyu ni mgonjwa," mtu mmoja alisema kutoka kwenye mstari.

"Mgonjwa anafua?"

Kila mtu alitazama sakafu. Wanaume wazima, wote wamekula jasho la Hoza msimu mzima, wote wanatazama sakafu. Ndahani alimtazama kocha. Kocha aliigeuza simu upande wa pili, kana kwamba mwanga ulikuwa unamsumbua.

Kama Ndahani angenyamaza, Hoza angetoka na kiapo chake, akapanda pikipiki, akafika hospitali. Kama angefika. Mashabiki walikuwa kati.

"Ni mimi," Ndahani alisema.

"Wewe umefua?"

"Sikufua. Nimeuachia mpira. Niliuona, ningeudaka hata kwa mkono mtupu. Nimeuachia makusudi ili tufungwe. Wapeni jina langu."

Mzee Pazi alimtazama kwa huruma. Kwa huruma, msomaji, kama unavyomtazama mtoto anayesema uongo ili kaka yake asichapwe.

"Kaa chini, Mama Usafi. Una moyo mzuri, lakini kaa chini. Mpira kudondoka ni matokeo. Sisi tunatafuta chanzo."

Mtu mmoja alicheka. Mwingine akamvuta Ndahani shati. Mzee Pazi alifungua mlango akaenda getini, kocha nyuma yake, timu nyuma ya kocha.

Hakuna aliyeamini.

Isipokuwa


23.

"Ule wa mwisho?" Hoza aliuliza.

Walikuwa wamebaki wawili.

"Ndiyo."

"Uliuona?"

"Niliuona. Hoza, inuka, twende kwa nyuma, watakuja sasa hivi."

"Ulikuwa mzuri?"

Ndahani angeweza kudanganya. "Ulikuwa mzuri kuliko yote," alisema.

Hoza alitikisa kichwa taratibu. Uso wake ulikuwa wa majivu, midomo imepasuka. Alimtazama Ndahani kwa muda, kisha uso ukabadilika. Ndahani aliujua ule uso. Pua ilipanda kidogo, mdomo ukashuka pembeni. Ni kinyaa. Hoza ambaye alichovya kidole kwenye kopo bila kukunja uso hata siku moja, Hoza aliyevaa jezi ile bila kulalamika, sasa ameona kitu kinachomtia kinyaa.

"Usiniguse," alisema.

"Kidole, Hoza. Kidole chako."

"Niliapa nikifungwa. Mimi sijafungwa. Umeniuza, basi." Aliinuka kwa kushika ukuta. "Pazi mchawi. Kocha mwoga. Wewe nilidhani..."


24.

Getini jina lilikuwa limeshatajwa. Walilisikia likipokelewa, kwanza na mmoja, kisha na wote.

Walitoka kwa nyuma, pale timu ilipokuwa ikiruka ukuta. Hoza alikataa mkono wa Ndahani, akapanda kwa mkono mmoja, akaanguka upande wa pili. Ndahani akamfuata.

Zaina alikuwa pale. Alikuwa ameshachukua pikipiki, dereva kawasha, injini inaunguruma. Alikuwa amejifunga khanga kiunoni kwa safari, na uso wake, Mungu amsamehe na sisi sote atusamehe, uling'aa.

"Nimesikia redioni," alisema. "Sikuamini, nikasema nisikie kwenu. Shemeji! Mmefungwa kweli?"

Hoza alikaa kwenye vumbi, mgongo ukutani. Mkono wa kulia aliuweka juu ya goti, kiganja juu. Upande wa pili wa ukuta kelele zilikuwa zinazunguka uwanja, zinakuja.

"Mjibu shemeji yako," alisema. "Mwambie. Tumefungwa kihalali?"

Zaina alimtazama mmoja, akamtazama mwingine. Tabasamu lilikuwa bado lipo.

Ndahani alivuta pumzi, akasema